Shimo Mbele ya Tanuri

Saa moja kasoro robo asubuhi, kikombe kidogo cha plastiki chenye kifuniko chekundu kilikuwa kwenye rafu ya kuumulia mikate, katikati ya trei mbili za madonge yaliyofunikwa vitambaa. Rafu hiyo imejengwa kwenye bega la tanuri, na hakuna mahali penye joto zaidi katika bekari nzima ukiacha mdomo wa tanuri wenyewe. Mkandaji alifika kuchukua trei, akakiona, akakigusa kwa ncha ya kidole. Kilikuwa cha moto kama kikombe cha chai.

Alikijua. Yeye ndiye aliyekileta kutoka maabara, kikiwa kitupu ndani ya mfuko wa karatasi, pamoja na maelekezo aliyomsomea mumewe mara kadhaa mpaka mumewe akasema amesikia, yeye si mtoto.

"Hiki kimekaa hapa tangu saa ngapi?"

Mwokaji hakugeuka. Alikuwa amesimama ndani ya shimo lililochimbwa mbele ya tanuri, kiuno chake kikiwa sawasawa na mdomo wa tanuri, akivuta mikate kwa koleo la mbao lenye mpini mrefu. Shimo hilo lilichimbwa na baba yake ili mtu asiiname. Mgongo wa marehemu uliokolewa hivyo, na mgongo wa mwanawe pia.

"Tangu alfajiri," alisema. "Kiache hapohapo, kisipoe."

"Alfajiri?"

"Si walisema kisipate baridi? Nimekiweka pajoto. Hamira inaamka pale kila siku, iweje hiyo ife?"

"Walisema kifike ndani ya saa moja. Na kikae mwilini, kwapani."

"Na mikate nimwachie nani? Niondoke tanuri limejaa?" Alichomoa mkate, akaupiga makofi mawili tumboni kusikiliza kama umeiva. "Mke wangu, mimi nimeumua mikate tangu sijaota ndevu. Kitu chenye uhai kinataka joto. Hilo halihitaji daktari."

Mkandaji hakubishana. Kwa miaka sita aliyepimwa alikuwa yeye: damu, mirija, kizazi, kila kinachoweza kupimwa kwa mwanamke, na jibu lilikuwa lilelile, kwamba hana tatizo, amlete mwenzake. Kumleta mwenzake, hata kwa umbo la kikombe, kulikuwa kumemchukua mwaka mzima wa kubembeleza. Hakuweza kukimwaga kwa sababu tu kilikuwa cha moto. Alikizungushia kitambaa safi, akakitia kifuani chini ya blauzi, akavua aproni na kutokea mlango wa nyuma.

*

Kwenye dirisha la maabara mwanamke wa mapokezi hakuinua macho.

"Sampuli ya nini?"

"Ya mume wangu."

"Sijauliza ya nani. Mkojo, choo, makohozi?"

Nyuma ya mkandaji foleni ilikuwa imetulia kama foleni zinavyotulia pakiwa na cha kusikiliza.

"Ya uzazi."

"Mbegu za kiume, moja," mwanamke wa mapokezi alisema kwa sauti ya mwalimu anayeita majina, huku akiandika. Mtu mmoja kwenye foleni alikohoa kikohozi kisichokuwa cha ugonjwa.

Mpimaji alimwita ndani baada ya muda mfupi kuliko alivyotarajia. Alikuwa mwanamume wa makamo, mwenye miwani iliyofungwa uzi, na hadubini yake ilikuwa bado inawaka.

"Dada, hiki kikombe kilikaa wapi?"

"Kwenye rafu ya tanuri."

"Tanuri la nini?"

"La mikate. Alikiweka mwenyewe. Alisema hamira inaishi pale."

Mpimaji aliweka kalamu chini. Hakucheka, na mkandaji alimshukuru kimoyomoyo kwa hilo.

"Zote zimekufa," alisema. "Hakuna hata moja inayotingisha mkia. Lakini majibu haya sitayatoa, kwa sababu hayasemi lolote kuhusu mumeo. Yanasema kuhusu rafu. Mbegu si hamira. Baridi ikizidi zinasinzia, joto likizidi zinaiva."

"Zinaishi muda gani kwani?"

"Inategemea ziko wapi. Ndani ya mwanamke, siku zake zikiwa nzuri, hata siku tano. Nje, zinamtegemea anayezibeba." Alizima taa ya hadubini. "Mwambie aje mwenyewe. Tuna chumba, kina kitasa kwa ndani. Atoe hapahapa, niangalie hapahapa."

"Hatakuja."

"Basi mimi sina la kupima."

*

Mtu wa kikohozi alikuwa mnunuzi wa mikate. Kabla ya adhuhuri alisimama kaunta, akaagiza mikate miwili, akamuuliza wifi wa mkandaji, anayeuza pale, kama kweli kaka yake ameanza matibabu, na kama ni kweli, alivyosikia nusunusu mlangoni kwa mpimaji, kwamba mbegu zimefia kwenye rafu ya tanuri. Wifi alimpa mikate bila kumrudishia chenji, kisha akaingia ndani kumwambia mama yake.

Mama yake alikuwa mwenye bekari. Wateja walimwita Mama Tanuri, na yeye aliitika. Alikuwa na mikono minene ya mtu aliyekanda unga nusu ya maisha yake, na desturi ya kuuliza maswali ambayo majibu yake anayo tayari.

"Kile kikombe alikibeba nani?"

"Mimi, mama," mkandaji alisema.

"Na hiyo rafu mwangalizi wake nani?"

"Mimi."

"Mimi huwa naigusa?"

"Hapana."

"Basi hapo shahidi wa nini tena?" Mama Tanuri aligeukia trei kana kwamba anazungumza nazo. "Nimesikia mengi. Nimesikia wanawake wanaoficha vidonge ndani ya mto. Lakini wa kupika mbegu za mumewe juu ya tanuri la mkwewe, huyo nilikuwa sijaletewa."

"Sikukiweka mimi pale."

"Kilipanda chenyewe? Kilikuwa na miguu?"

Wifi alicheka, akaacha alipoona amecheka peke yake.

Mwokaji alikuwa shimoni. Umbali kati yake na mama yake haukufika urefu wa mpini wa koleo lake, na tanuri halina kelele. Mkandaji alimtazama, akasubiri. Aliyoyasubiri yalikuwa maneno mawili tu: *nilikiweka mimi*. Mwokaji aliingiza koleo ndani, akazungusha mikate ya nyuma ije mbele, ya mbele iende nyuma, ingawa muda wake wa kuzungushwa ulikuwa haujafika. Jasho lilimtoka kwenye kidevu likadondokea aproni.

"Unaona?" Mama Tanuri alisema. "Hata mwenyewe ameishiwa maneno. Jumapili tukifunga, baba yenu mdogo atakuja. Tulimalize."

Jioni, chumbani, mkandaji alimuuliza mumewe swali moja.

"Ulimsikia mama?"

"Nilimsikia."

"Na?"

"Unamjua mama. Ukimjibu unamwaga petroli. Atapoa."

"Miaka sita namngoja apoe."

"Sasa ulitaka nisemeje mbele ya wateja? Kwamba mbegu zangu..." Hakumaliza. Alijilaza akageukia ukutani. Sehemu ya mbele ya mapaja yake, kuanzia kiunoni kwenda chini, ilikuwa nyeusi kuliko sehemu nyingine za mwili wake, ngozi imekauka na kumeta kama ganda la mkate. Mkandaji alikuwa ameiona ngozi hiyo kila siku tangu aolewe. Usiku ule aliitazama kwa muda mrefu zaidi.

*

Kikao kilifanyika stoo, juu ya magunia ya unga, kwa sababu sebuleni majirani husikia. Kiti kilikuwa kimoja na alikikalia baba mdogo, ndugu wa marehemu. Baba mdogo alikuwa na watoto saba na alizungumza kama mtu aliyewapata kwa bidii ya kazi.

"Sisi hatumfukuzi mtu," alianza. "Lakini shamba likikataa mbegu, mkulima hafi njaa akilitazama. Anatafuta shamba jingine. Na lile la kwanza anaweza kubaki nalo, si lazima aliuze."

"Asante," mkandaji alisema.

"Usinikatize, mkwe. Hata kaka, Mungu amrehemu, alioa wa pili. Hakuna aliyekufa."

"Wala hakuna aliyezaliwa," Mama Tanuri alisema. Alisema kwa sauti ya chini, akifuta unga kwenye gunia alilokalia.

"Yule alikuwa mgumba. Alirudi kwao."

"Na mimi?" Mama Tanuri aliuliza.

"Wewe shemeji ulikuwa umeshazaa wawili, ukafunga. Hayo ni mambo ya kawaida ya wanawake." Baba mdogo alipunga mkono kuwafukuza wanawake wote na mambo yao. "Tuzungumze ya leo. Huyu binti miaka sita ni mti mkavu. Tukavumilia. Sasa amefika kuchoma na mbegu zenyewe."

"Baba mdogo, uliambiwa na nani kwamba nilizichoma?"

"Na mwenye akili yeyote."

Mkandaji alimgeukia mumewe, aliyekuwa amekaa kwenye gunia la mlangoni, mikono katikati ya magoti. Mwokaji aliangalia sakafu. Palikuwa na sisimizi wamebeba chembe ya sukari, na alionekana kuwafuatilia.

"Haya," mkandaji alisema. "Mimi sina mashahidi. Mpimaji amesema zile za rafu hazisemi kitu. Aende mwenyewe. Chumba kipo, kinafungwa kwa ndani. Atoe pale, apimwe palepale. Nisibebe mimi, nisiguse mimi."

"Huyo mpimaji si ndiye uliyetuambia anasema zinaishi siku tano ndani ya mwanamke?" wifi aliuliza.

"Ndiye."

"Sasa miaka sita hujazipata hizo siku tano?"

"Kamuulize kaka yako kama alizileta zikiwa hai."

 Baba mdogo alikohoa. Mama Tanuri alimtazama mkwewe kwa kitambo, kama anavyoutazama unga ulioletwa na muuzaji mgeni.

"Atakwenda," alisema. "Na mimi nitakwenda naye. Nitakaa mlangoni nikilinde hicho kikombe mpaka kiwekwe chini ya hiyo hadubini. Akionekana mzima, wewe unafunga mzigo wako siku hiyohiyo."

"Na asipoonekana mzima?"

 Baba mdogo alisema kikao kimefungwa.

Mkandaji alikwenda chumbani na kufunga mzigo wake siku hiyo, kabla ya majibu. Aliuweka mlangoni kwa ndani, ukiwa umefungwa mafundo mawili, na kila aliyepita uani akauona.

*

Korido ya maabara ilikuwa na benchi refu la mbao. Mlango wa chumba ulikuwa hatua chache kutoka kwenye benchi, na Mama Tanuri alichagua kukaa mwisho ulio karibu na mlango. Alikuwa amevaa nguo zake za msibani, za heshima. Mkandaji alikaa mwisho wa pili. Katikati yao walikaa wagonjwa, kila mmoja na kikaratasi chake.

Mwokaji aliingia na kikombe kipya. Kitasa kililia.

Muda ulipita. Mgonjwa aliyekuja nyuma yao alitolewa damu akaondoka. Mama Tanuri aliinuka, akagonga mlango kwa vifundo vya vidole.

"Vipi huko?"

Alitega sikio. Akakaa. Mwanamume mmoja kwenye benchi aligeuka kutazama ukuta wa upande wa pili, mabega yakimtikisika.

Akagonga tena. "Mwanangu, umemaliza?"

"Bado, mama." Sauti ilikuwa ndogo.

"Mbona unachelewa? Kuna tatizo?"

Mpimaji alitoa kichwa kwenye mlango wake. "Mama, mpe nafasi. Kazi ile haifanywi kwa kusimamiwa."

"Mimi ndiye niliyemzaa," Mama Tanuri alisema. "Hana cha kunificha."

"Ndiyo maana anashindwa," mpimaji alisema, akarudisha kichwa.

Sasa benchi zima lilikuwa linatazama ukuta. Mama Tanuri aliweka kiganja chake kwenye mlango, akasema kwa upole wa kweli, upole ambao mkandaji hakuwahi kuelekezewa hata siku moja: "Baba, usiogope. Nipo hapa. Hakuna mtu atakayekichezea kikombe chako tena."

"Mama, nenda nyumbani."

"Nini?"

"Nenda nyumbani, mama."

"Siendi. Nalinda."

"Unalinda nini?" Sauti ilipanda ghafla, ikapita kwenye mbao za mlango na kujaza korido. "Kile cha kwanza nilikiweka mimi. Nilikiweka juu ya rafu kwa mkono wangu, alfajiri, kabla hata yeye hajaamka. Hakuna aliyekichoma. Nilikiweka mimi. Umesikia? Sasa niondokee hapo mlangoni."

Mama Tanuri aliondoa kiganja mlangoni. Mtandio ukiwa umemteremka begani, akatembea mpaka mwisho wa korido, kwenye dirisha, akawapa watu mgongo.

Mkandaji aliyasikia maneno aliyoyangoja. Alikuwa amedhani yatakapokuja yatamtua mzigo. Hayakumtua. Kumbe yalikuwepo siku zote, mazima, yana herufi zake zote, na mtu huyu alikuwa anaweza kuyatamka. Alihitaji tu mlango ulio na kitasa na watu wa kuwaonea aibu zaidi ya aliyomwonea mkewe. 

*

Mpimaji aliwaita watatu wote. Hakutafuta maneno laini. Aliwaambia kama mtu anayesoma mita ya maji.

"Zipo, na ziko hai. Hilo la kwanza. Lakini ni chache sana. Katika hizo chache, nyingi zinazunguka palepale zilipo, hazisongi mbele. Na nyingine zina vichwa visivyo na umbo. Kwa hali hii mimba haiwezekani kwa urahisi. Sikusema haiwezekani kabisa." Alimgeukia mwokaji. "Unavuta sigara?"

"Hapana."

"Pombe?"

"Mara mojamoja."

"Uliugua matumbwitumbwi ukubwani? Homa kali miezi ya karibuni? Umewahi kuumia huko chini?"

"Hapana."

"Dawa za kujaza misuli?"

Mwokaji alitazama mikono yake. "Hii ni ya koleo."

"Kazi yako unaifanyaje? Nionyeshe unavyosimama."

Mwokaji alisimama katikati ya chumba, akashika mpini usiokuwepo, akainua viwiko. Mpimaji alimtazama, akamuuliza moto uko wapi. Mwokaji alionyesha kwa kiganja. Kiganja kilisimama mbele ya zipu ya suruali yake.

"Kwa muda gani kila siku?"

"Alfajiri mpaka adhuhuri. Alasiri tena kidogo."

"Tangu lini?"

"Tangu baba afariki. Nilikuwa na miaka kumi na mitano."

Mpimaji alivua miwani. "Korodani ziko nje ya mwili kwa sababu," alisema. "Zinataka ubaridi kidogo kuliko tumbo. Mwili ungetaka ziwe ndani, ungeziweka ndani, kama ulivyoweka mayai ya mwanamke. Wewe unaziweka mdomoni mwa tanuri kila siku ya Mungu, na suruali nzito na aproni juu yake. Mbegu ulizoleta leo zilianza kutengenezwa yapata miezi miwili na nusu iliyopita, zote zikiwa shimoni. Toka humo. Kaa miezi mitatu bila kurudi, vaa nguo zisizobana, kisha njoo tupime tena. Mara nyingi hali inakuwa bora. Siahidi."

Mkandaji aliuliza, "Na mwanamke akisimama pale?"

"Ataungua ngozi na kuchoka. Mayai yake yako ndani."

 Mama Tanuri alikuwa amekaa ukingoni mwa kiti, mkoba mapajani.

"Na aliyekuwa shimoni kabla yake?" aliuliza.

"Nani huyo?"

"Baba yake."

"Shimo lilichimbwa lini?"

"Huyu, wa pili wangu, alikuwa bado ananyonya."

"Baada ya hapo mlipata mtoto mwingine?"

Mama Tanuri alifungua mkoba, akautazama ndani, akaufunga.

"Marehemu siwezi kumpima, mama," mpimaji alisema.

"Nilikunywa dawa," Mama Tanuri alisema. Hakuwa anaongea na yeyote kati yao. "Miaka saba nilikunywa dawa. Nyingine zilikuwa zinanitapisha damu. Na yule mwenzangu naye, aliyeletwa juu yangu, alikunywa. Tulikuwa tunazichemshia juu ya tanuri lilelile." Alinyanyuka. "Twendeni. Unga umekandwa, utachacha."

*

Hawakuwa wamefika nusu ya ua, baba mdogo akatokea stoo kuulizia majibu. Aliambiwa na mwokaji mwenyewe, wima, bila kuzunguka. Baba mdogo alisema vipimo vya siku hizi ni biashara tu.

"Mimi shimoni sirudi," mwokaji alisema. Aliingia bekari, wengine nyuma yake, akatungua aproni iliyokuwa msumarini tangu asubuhi, ile ambayo hakuwa hata ameivaa siku hiyo, akaikunja, akaiweka juu ya meza ya kukandia.

"Na kesho nani ataoka?" wifi aliuliza. "Hoteli inataka mikate yake. Shule inataka yake. Mteja akikosa siku moja anahama."

Mama Tanuri aliangalia shimo. Kisha akamwangalia mkwewe, na mazoea ya miaka yakashinda alichokisikia saa moja iliyopita. "Basi ushuke wewe. Si umemsikia mpimaji? Kwako hakuna cha kuharibika."

Katika nyumba ile mwanamke hakuwahi kushuka shimoni. Marehemu alikuwa amesema mikate itakataa kuumuka, na kwa miaka yote neno hilo halikupingwa. Sasa lilifutwa kwa sentensi moja na hakuna aliyelitaja.

"Miaka sita mimi ni mti mkavu," mkandaji alisema. "Leo mmegundua ni kuni?"

"Nimekuomba kazi, sijakutukana."

"Hujaniomba, mama. Na tusi lile hujalirudisha, wala lile la kupika mbegu. Shimoni sishuki. Nitakanda kama ninavyokanda, nitapima madonge kama ninavyopima. Zaidi ya hapo, mzigo wangu mnauona mlangoni, na mafundo yake ni mawili."

"Tutafute mtu wa kuajiri," baba mdogo alisema kwa haraka. "Vijana wamejaa mitaani. Kijana mwenye nguvu, ambaye hajaoa, hana mambo mengi."

"Ambaye hajaoa," mkandaji alirudia. "Ili akioa, mkewe naye apewe jina langu?" Alimtazama baba mdogo kuanzia viatu mpaka kofia. "Kuna mtu hapa ana watoto saba tayari. Shamba lake limejaa. Joto litamharibia nini? Shuka wewe, baba mdogo."

Wifi alicheka, na safari hii hakuacha.

"Mimi magoti yangu..." baba mdogo alisema.

"Shimo lilichimbwa kwa ajili ya mgongo. Magoti hayainami mle."

Baba mdogo alikumbuka kwamba ameacha mtu akimngoja mahali. Aliaga akiwa ameshatoka.

Mwokaji alimfuata mkewe mpaka mlangoni mwa chumba chao. Alisimama upande huu wa mzigo, mkewe upande ule.

"Nisamehe," alisema. "Nilipaswa kusema siku ileile."

"Ulipaswa kusema miaka sita iliyopita. Si habari ya kikombe. Kila waliponiita jina lile ulikuwepo, na ulikuwa hujapimwa."

"Nimesema sasa. Mbele ya watu wote."

"Nyuma ya mlango." Alisema bila kupandisha sauti. "Kumbe ulikuwa unahitaji mlango tu. Ungeniambia mapema, ningekutafutia fundi seremala."

"Huo mzigo utaufungua?"

"Hujapimwa mara ya pili, na mama yako hajayarudisha maneno yake. Mzigo utakaa ulivyo."

  Mwokaji aliruka mzigo kwa uangalifu, asiuguse, akaingia kulala.

*

Saa kumi na moja alfajiri iliyofuata, tanuri lilikuwa limewashwa. Mkandaji aliliona kabla hajafungua mlango, kwa mwanga mwekundu chini ya mbao zake. Alisimama nje, mkono kwenye komeo, akijua kitu kimoja tu: kwamba kama ni mumewe aliye shimoni, atarudi chumbani, achukue mzigo, na hatagombana na mtu.

Alisukuma mlango.

Mama Tanuri alikuwa shimoni. Alikuwa amevaa aproni ya marehemu mumewe, ya turubai, iliyokuwa imening'inia stoo miaka yote bila mtu kuigusa, na ilimfika vifundoni. Kichwani amejifunga mtandio kwa nguvu. Koleo alikuwa amelishika karibu mno na mbele, kama mtu asiyejua uzito wake. Kwa kuwa alikuwa mfupi kuliko mwanawe, mdomo wa tanuri ulimjia kifuani.

Mwokaji alikuwa kwenye meza ya kukandia, amekunja mikono ya shati, akikata madonge. Aliyakata makubwa mno. Mkandaji alimnyang'anya kisu bila kusema, akayakata upya, akampa kazi ya kufunika vitambaa.

Trei ya kwanza ilipokuwa tayari, aliibeba mpaka ukingoni mwa shimo. Mama mkwe aliipokea bila kumtazama. Mikate ya kwanza aliiingiza vibaya, miwili ikagusana, mmoja ukapinduka. Mikate ilipotoka upande mmoja ulikuwa umeungua. Wifi aliipanga kaunta vilevile.

Trei ya pili ilikwenda vizuri zaidi. Kwenye ya tatu Mama Tanuri aliegemeza koleo ukutani, akaipandisha aproni kidogo kutoka mwilini, akaishika hivyo, mbali na ngozi yake.

"Kuna moto humu," alisema, "na dawa tulikunywa sisi."

Mwanawe aliacha kufunika vitambaa. Binti yake aligeuka kule kaunta. 

Mkandaji alikwenda kwenye rafu, akachukua trei ya nne, akaiweka ukingoni mwa shimo. Mama mkwe wake aliichukua.